Kafiri wa ukutani na jamaa zake wa visiwani

Maswali ya wasomaji: Asili ya Maneno

Toleo lililopita tuligusia kwa mistari michache jina la mjusi kafiri, na barua hazijaacha kuingia. Zilizouliza jambo moja tumeziunganisha. Nyingine zimetuvusha bahari hadi Pemba, Komoro, Morisi na Karibiani, kwa sababu visiwani ndiko jamii hii ya mijusi ilikozaana kwa wingi wa namna, na ndiko majina yake mengi yalikotungwa.

Swali: Mwanangu wa darasa la pili ameniuliza kwa nini mjusi wa ukutani anaitwa kafiri, nikakosa jibu. Jirani naye anasema akidondokea chakula kimwagwe chote kwa sababu ana sumu. Ni kweli?
Mama wa watoto watatu, Nkuhungu, Dodoma

Jibu: Mama, tuanze na jina. Kafiri limetoka Kiarabu, na mzizi wake ni konsonanti tatu, k-f-r, zenye maana ya kufunika. Anayeifunika haki hali anaijua ndiye kafiri; kufuru nalo ni la mzizi huohuo. Sababu inayosimuliwa zaidi pwani ya mjusi kubandikwa neno hilo ni hadithi ya Mtume iliyomo katika Sahihi ya Bukhari, iliyopokewa kwa Ummu Shariki, kwamba mjusi aliuvuvia moto aliotupiwa Nabii Ibrahimu. Kurani inautaja moto huo na jinsi ulivyoamriwa uwe baridi na salama, lakini mjusi hayumo katika aya hizo. Yumo kwenye hadithi. Kwa hiyo mwambie mtoto kwamba jina lilianzia kwa watu wa pwani, kisha likapanda bara pamoja na Kiswahili chenyewe. Leo hapa Dodoma Mkristo na Mwislamu wote wanalitumia bila kuufikiria moto wowote. Mwonye pia kwamba kwa mjusi ni jina, kwa mtu ni tusi.

Sumu hana. Hakuna mjusi kafiri mwenye sumu, wa hapa wala wa visiwani. Kinachoweza kudhuru ni kinyesi chake, maana hubeba bakteria wa salmonela wanaoleta kuhara na homa. Utakitambua: kipande cheusi kama punje ya mchele, chenye ncha nyeupe upande mmoja. Cha panya hakina weupe huo. Chakula kilichopoa kikiangukiwa au kunyewa, kimwage. Jirani amepatia tendo, amekosea sababu. Maji ya kunywa yachemshe mpaka yatokote. Meza na sufuria visuguliwe kwa sabuni na maji moto. Kawa juu ya sahani na kifuniko juu ya ndoo vinamaliza tatizo, na huna haja ya kumuua mnyama anayekula wadudu wa taa usiku kucha.

Swali: Kitabu cha baiolojia kinamwita mjusi wa nyumbani Hemidactylus mabouia. Neno la kwanza nimeambiwa ni Kigiriki. Hilo la pili ni lugha gani? Halifanani na Kilatini.
Mwanafunzi wa chuo, Dodoma

Jibu: Umeona vizuri, si Kilatini. La kwanza tulimalize haraka: hemi ni nusu, daktylos ni kidole. Chini ya kila kidole cha mjusi huyu kuna vikunjo vya ngozi vilivyogawanyika katikati, safu mbili zinazokutana kwenye mstari kama vijani vya kuti la mnazi vinavyokutana kwenye uti. Huo mgawanyo ndio "nusu" ya jina.

Mabouia limetoka visiwa vya Karibiani. Wakalinago, wenyeji wa visiwa hivyo kabla Wazungu hawajafika, waliita mabouya pepo mbaya. Jina la pepo likahamia kwa mjusi wa usiku, na Mfaransa Alexandre Moreau de Jonnès alipomwelezea mjusi huyo kwa maandishi ya kisayansi mwaka 1818 alilichukua kama alivyolikuta. Mpaka leo kisiwani Saint Lucia kuna bonde linaloitwa Mabouya.

Mjusi mwenyewe ni wa Afrika. Jike hutaga mayai 2 yenye ganda gumu, na huyapachika kwenye ufa wa mbao, chini ya gome au nyuma ya fremu ya dirisha. Ganda hilo halinyauki upesi kama lile laini la mijusi wengine wengi, kwa hiyo mayai yanastahimili safari ndefu ndani ya shehena. Wataalamu wengi wanakuhusisha kuvuka kwake Atlantiki na meli za enzi za biashara ya watumwa. Akafika Karibiani akiwa mgeni, akapewa jina huko, na jina hilo likarudi likawa lake duniani kote. Yule unayemwona juu ya taa ya baraza Dodoma anaitwa na sayansi kwa neno la watu wa visiwa ambao hawakuwahi kuiona Afrika.

Linalotugusa zaidi ni kwamba watu wawili wasiojuana, Wakalinago huko na Waswahili huku, walimpa jina baya la dini. Mtazame usiku kwenye kioo cha dirisha, taa ikiwa ndani na wewe ukiwa nje gizani. Tumbo lake lapitisha mwanga. Kama ni jike mwenye mimba, utayaona mayai mawili meupe yamelala kiunoni, moja kila upande. Hana kope. Jicho halifumbi, analisafisha kwa kulilamba. Ananing'inia kichwa chini bila kuanguka. Mchana rangi yake ni kijivu chenye michirizi ya giza, usiku anafifia mpaka karibu na weupe. Asiye na maelezo ya mambo hayo atayatafuta kwa mapepo, na jina litabaki na maelezo hayo hata baada ya watu kuacha kuyaamini.

Swali: Shikamooni. Mwalimu alisema jina la kisayansi likiishia -i ni la mwanaume. Sasa mbona wengine ni -a, wengine -us, wengine -is? Na yule wa bluu wa Morogoro, williamsi, ni mwanaume gani?
Mwanafunzi wa kidato cha tatu, Mpwapwa

Jibu: Marahaba. Mwalimu amesema kweli, ila ni sehemu ya kanuni tu. Jina lina maneno mawili. La kwanza ni la jenasi, yaani kundi la ndugu wa karibu, huanza kwa herufi kubwa. La pili ni la spishi, yaani aina moja ndani ya kundi hilo, huanza kwa herufi ndogo hata kama limetokana na jina la mtu. Yote mawili huchapwa kwa herufi za mlazo. Ukiandika kwa mkono, yapigie mstari chini, kila neno na mstari wake.

Neno la pili likiwa ni jina la mtu, -i ni mwanaume mmoja, -ae ni mwanamke mmoja, -orum ni watu zaidi ya mmoja. Sphaerodactylus ariasae, mjusi mdogo wa kisiwa cha Beata katika Jamhuri ya Dominika mwenye urefu wa milimita 16 hivi bila mkia, aliitwa hivyo mwaka 2001 kwa heshima ya mwanamke, Yvonne Arias. Likitokana na mahali, mara nyingi huishia -ensis, kama Phelsuma comorensis wa Komoro.

Neno la pili likiwa ni sifa, hapo ndipo -a na -us zinapoingia, na wewe mwenye Kiswahili hupaswi kuhangaika. Husemi "kisiwa mkubwa", unasema kisiwa kikubwa. Sifa inafuata ngeli ya nomino. Kilatini nacho kina ngeli tatu: ya kiume, ya kike na isiyo ya kiume wala ya kike. Hemidactylus ni ya kiume, ndiyo maana tunapata Hemidactylus frenatus, mwenye hatamu, kwa ajili ya mstari ulio ubavuni mwa kichwa. Phelsuma ni ya kike: Phelsuma laticauda, mwenye mkia mpana, na Phelsuma dubia, mwenye shaka, wa Komoro na pwani yetu. Sifa za -is hazibadiliki kati ya kiume na kike. Mfano ni Lepidodactylus lugubris, mwenye msiba, wa visiwa vya Pasifiki, ambaye karibu wote ni majike na hutaga mayai yanayoanguliwa bila dume, kwa hiyo jike mmoja tu akifika kisiwani amekwisha kuanzisha ukoo. Nomino iliyotumika kama neno la pili haifuati ngeli. Mabouia ni nomino, ndiyo maana haikuwa "mabouius".

Usishangae kwamba Phelsuma limetokana na mwanaume, daktari Mholanzi Murk van Phelsum, aliyeheshimiwa hivyo na John Edward Gray mwaka 1825. Umbo la neno ndilo linaloamua ngeli. Mjusi wetu naye wingi wake ni mijusi, kama mti na miti, lakini tunasema mijusi hawa wanakimbia, si mijusi hii inakimbia. Mtume na mitume wamo kundi hilohilo.

Jina la mtunzi hufuata pamoja na mwaka. Likiwa ndani ya mabano, spishi ilianzia jenasi nyingine ikahamishwa: Gekko gecko (Linnaeus, 1758). Bila mabano, iko pale ilipowekwa tangu mwanzo: Lygodactylus williamsi Loveridge, 1952. Huyo ndiye wa bluu unayemuuliza, na -i yake yamtaja mwanaume wa ukoo wa Williams. Anaishi msitu wa Kimboza, Morogoro, juu ya mikadi. Dume tu ndiye wa bluu kali. Jike ni kijani au kahawia. Alikamatwa sana kwa ajili ya wafugaji wa ng'ambo, na tangu mwaka 2017 biashara yake ya kimataifa imepigwa marufuku. Ukimkuta mtu anakusanya mijusi hao kwenye chupa, toa taarifa kwa maofisa wa misitu.

Swali: Watoto wa siku hizi wanasema "geko". Ni Kiswahili?
Msomaji, Bahi

Jibu: Ni mkopo, tena mkopo wa mkopo. Kiingereza kilipata neno hilo kutoka Kimalei, na Wamalei walimwigiza mjusi mkubwa wa Asia ya Kusini Mashariki anayelia kwa sauti kali usiku. Waindonesia mnyama huyohuyo wanamwita tokek, ambalo pia ni sauti yake. Ni njia ileile tuliyopatia pikipiki. Kwa wa nyumbani hatuoni sababu ya kuliacha mjusi kafiri. Kwa jamii nzima, wakiwemo wale wa kijani wanaoota jua mchana visiwani, geko litatufaa, maana kafiri wa pwani alikuwa wa usiku.

Swali: Nimesoma kwamba Pemba ina mjusi wa kijani asiyepatikana kwingine duniani. Kwa nini apewe jina la Mzungu wakati Wapemba wapo? Na jina likikosewa, haliwezi kufutwa?
Mfanyabiashara, Kondoa

Jibu: Ni kweli, ni Phelsuma parkeri. Arthur Loveridge, Mwingereza aliyewahi kufanya kazi Tanganyika, alimwelezea mwaka 1941 na kumpa jina la mtaalamu mwenzake wa mijusi na nyoka katika jumba la makumbusho la Uingereza, H. W. Parker. Katika andiko hilohilo alimwelezea mjusi mwingine mdogo wa Pemba, Lygodactylus pakenhami, kwa jina la Pakenham, Mwingereza wa utawala wa Zanzibar aliyependa kukusanya wanyama. Kanuni inampa mwandishi wa kwanza uhuru wa kuchagua, na enzi hizo walichagua wenzao. Sisi tunasikitika, hasa kwa huyo wa kijani. Waarabu waliiita Pemba al-Jazira al-Khadhra, kisiwa cha kijani, na jina hilo lingemkaa mjusi huyo kama kanzu iliyopimwa. (Kisiwa nalo lina mzazi wake: siwa, kisiwa kikubwa, likapunguzwa kwa ki-.)

Kufutwa, hapana. Jina la kwanza lililochapishwa kwa kufuata kanuni, kuanzia mwaka 1758, ndilo linalodumu, hata kama maana yake ni ya makosa. Wanaoshughulika na majina haya wanalijua tatizo, na hawalibadilishi, kwa sababu kila badiliko linakata uzi kati ya andiko la leo na la miaka 100 iliyopita.

Mfano ulio karibu nasi ni wa Komoro. Kuna mjusi aitwaye Paroedura sanctijohannis, yaani wa Yohana Mtakatifu. Ukimtafuta mtakatifu huyo humpati. Wenyeji wanakiita kisiwa chao Nzwani. Wafaransa waliandika Anjouan, mabaharia wa Kiingereza wakasema Johanna, na Albert Günther wa London alipomwelezea mjusi wa kisiwa hicho mwaka 1879, Johanna akageuzwa kuwa Yohana Mtakatifu wa Kilatini. Wapitaji wamesikia vibaya, wakaandika vibaya, na mnyama akabaki na jina la Kikristo katika kisiwa cha Waislamu. Watu wa hapa hamwezi kushangaa: simulizi inayojulikana ni kwamba mji wetu ulikuwa Idodomya, mahali alipodidimia tembo, na waandishi wageni wakaufupisha ukawa Dodoma.

Huko Morisi mambo yamegeuka kabisa. Kuna visiwa viwili jirani, kimoja kinaitwa cha Duara na kingine cha Nyoka. Cha Duara si cha duara, na ndicho chenye nyoka. Cha Nyoka hakina nyoka hata mmoja. Mjusi wa hicho cha pili aliitwa na Loveridge mwaka 1951 serpensinsula, maneno mawili ya Kilatini yaliyounganishwa, nyoka na kisiwa, na sasa yumo jenasi ya Nactus. Kosa la ramani limeingia kwenye damu ya mjusi.

Jenasi ndiyo inayoweza kubadilika, kwa sababu yenyewe ni dai la undugu, na undugu huchunguzwa upya. Mwaka 1986 ilitangazwa spishi ya mjusi mkubwa kupita wote wa jamii hii, sentimita 37 bila mkia, kutokana na mzoga mmoja uliokauka katika makumbusho ya Marseille usiokuwa na kibandiko cha mahali ulikotoka. Aliitwa Hoplodactylus delcourti, wakimdhani wa New Zealand, na wengine wakamwona ndiye kawekaweau, mjusi wa simulizi za Wamaori, wenyeji wa huko. Mwaka 2023 vipimo vya DNA vilimweka na jamaa wa Kaledonia Mpya. Akaundiwa jenasi mpya, Gigarcanum, jitu la siri. Delcourti, jina la mtunza makumbusho, likahama naye bila kuguswa.

Swali: Klabu ya mazingira ya shule yetu inataka kukusanya majina ya mijusi kwa Kisandawe, Kirangi na Kigogo wakati wazee wanaoyajua bado wapo. Tuanzeje, na tuepuke nini?
Mwalimu wa sekondari, Chemba

Jibu: Mwalimu, hii ni kazi ya thamani kubwa, na kosa linaloiharibu ni moja: kuuliza "mjusi mnamwitaje?" Mzee atakupa neno la jumla, nawe utaliandika mbele ya kila picha. Anzeni na mnyama.

Tokeni kati ya saa 2 na saa 4 usiku, penye taa ya nje. Mfunike mjusi kwa bilauri ya kioo, taratibu, mkia wote uwe ndani, kisha pitisha kadi ngumu kati ya bilauri na ukuta. Usimshike kwa mkono wala usimguse mkia. Ataukata, na utaota mwingine mfupi usio na alama za kwanza, kwa hiyo picha yako itadanganya. Piga picha tatu: kutoka juu, ubavu wa kichwa, na nyayo zake akiwa amekanyaga kioo. Rula ionekane ndani ya picha. Urefu pimeni kutoka ncha ya pua hadi tundu la haja, mkia usihesabiwe kwa sababu hiyohiyo ya kukatika. Mpeni namba, andikeni kijiji, tarehe na mahali alipokuwa (ukuta, mbuyu, jiwe), kisha mrudisheni palepale.

Baada ya hapo nendeni kwa wazee na picha, angalau watatu wa kaya tofauti, kila mmoja peke yake. Wakikaa pamoja, mkubwa wao atajibu na wengine wataitikia kwa adabu, nanyi mtakuwa na jibu moja mkidhani ni matatu. Ombeni ruhusa ya kurekodi. Swali la kwanza liwe "huyu ni nani?" mkigusa picha yenyewe, mkinyooshea kidole mnyama aliye ukutani mnaweza kupewa jina la ukuta. La pili, "wakiwa wengi?" kwa maana wingi ndio unaoonyesha ngeli. La tatu, "je, neno hili lina kazi nyingine?" Simulizi na mwiko viulizwe mwisho, vinginevyo mzee atanogewa na kisa na jina litapotea katikati.

Uandishi una mitego yake. Kirangi kina irabu 7, na herufi zetu 5 hazitoshi. Waandishi wa Kirangi huongeza ɨ na ʉ, nanyi mzitumie. Kisandawe kina vidoko, na watoto wasiokizungumza huviandika k au t, na neno linakufa hapo. Kidoko cha meno, kama sauti ya kusikitika, huandikwa ǀ. Cha ubavu wa ulimi, kama cha kumhimiza punda, ni ǁ. Kile kinachopasuka juu nyuma ya meno ni ǃ. Tumieni mwanafunzi ambaye ni Msandawe kusikiliza, na simu kurekodi: ishikwe upana wa kiganja kutoka mdomoni, taja namba ya mjusi kwanza, kisha mzee aseme neno mara tatu peke yake na mara moja ndani ya sentensi.

Wazee watatu wakitoa majina matatu, andikeni yote na mahali pa kila mmoja. Msichague. Mmoja akisema "huyu hana jina", hilo nalo ni jibu, liandikwe. Na mzee akieleza jina limetokana na nini, andikeni "maelezo ya mzee" pembeni, kwa sababu maelezo yanayotungwa baada ya jina ni mengi kuliko yaliyolizaa. Sauti zote zinakiliwe siku hiyohiyo kwenye kadi mbili, moja ibaki shuleni na nyingine kwa mtu mwingine kijijini, namba za sauti zikilingana na namba za picha.